Kufuga wadudu-vijiti Nyanda za Juu Kusini: anza na mti, mdudu baadaye

Mdudu-kijiti ni kiumbe mzuri wa kuanzia kwa mwalimu wa sayansi na kwa yeyote anayependa wadudu. Hali nyama, hapigi kelele, hanuki, na maisha yake yote, toka yai hadi uzee, unaweza kuyafuata kwa macho tu bila hadubini. Akifa ndani ya wiki ya kwanza, mara nyingi si ugonjwa. Amekufa njaa huku amezungukwa na majani, kwa sababu aliyemkamata alimbeba mdudu akauacha mti wake. Aina nyingi hula mimea michache, na zipo zisizogusa zaidi ya mmoja au miwili. Kwa hiyo kabla hujamwita seremala, kabla hujatafuta hata kopo, ujue mti na uwe na uhakika wa kuupata mwaka mzima.

Kumtafuta na kumtambua

Huku kwetu msimu mzuri ni Februari hadi Aprili, majani yakiwa bado mengi na wadudu wameshakua kiasi cha kuonekana. Mchana hutulia kabisa, usiku ndipo hula na kutembea. Toka na tochi kuanzia saa mbili usiku, pita taratibu pembezoni mwa vichaka, kwenye miombo ya Iringa, kando ya vijito vya Rungwe au kwenye mapera ya uani, ukiangalia majani yaliyoliwa kuanzia pembeni. Mchana tumia shuka jeupe. Litandike chini ya tawi, ligonge tawi mara mbili au tatu kwa fimbo, kisha kaa kimya dakika chache. Anayeanguka hujinyoosha na kujifanya kijiti. Usikunje shuka haraka, maana ni subira hiyo inayomtenganisha na vijiti vya kweli: yeye ataanza kutembea.

Hakikisha si vunjajungu, kwa kuwa wapo vunjajungu wembamba wanaofanana sana na kijiti. Vunjajungu ana miguu ya mbele yenye miiba, aliyoikunja tayari kunasa, na kichwa cha pembetatu kinachogeuka kukutazama. Mdudu-kijiti hunyoosha miguu ya mbele sambamba na vipapasio, na kichwa chake kidogo hakigeukigeuki hivyo. Ukiwachanganya kwenye kopo moja, asubuhi utamkuta mmoja tu, ameshiba.

Ukimpata, usimvute kwa mguu. Miguu yake ina mahali pa kukatikia karibu na mwili, naye huiachia kwa makusudi ili amponyoke adui. Weka kiganja mbele yake, mguse kwa nyuma kwa kidole, atapanda mwenyewe. Halafu kata tawi la mmea uliomkuta juu yake, na lingine la mmea wa jirani, maana anaweza kuwa alikuwa anapita tu. Andika mahali, tarehe na jina la mti hata kama ni la Kinyakyusa, Kisafwa, Kihehe au Kibena. Jina la kienyeji litakusaidia kuuliza wazee mti huo unapatikana wapi kwingine.

Wawili hadi wanne wanatosha. Majike makubwa ndiyo ya kutafuta, kwa kuwa aliyekomaa porini mara nyingi ameshapandwa na atakutagia mayai. Jike ni mnene na mrefu, dume ni mwembamba zaidi na katika aina fulani ana mabawa. Wapo wakubwa kweli: majike ya jenasi Bactrododema, ya kusini na mashariki mwa Afrika, hupita sentimita 20. Ndani ya hifadhi kama Kitulo na Udzungwa usichukue mdudu wala yai. Kwenye shamba la mtu omba ruhusa kwanza, na msitu wa hifadhi una wenyewe pia.

Wabebe kwenye kopo la plastiki lenye matundu na tawi lao ndani, bila maji ya kuchezacheza chini. Usiliache kopo kwenye gari lililoegeshwa juani hata kwa nusu saa.

Usiku wa kwanza

Kila mdudu akae peke yake usiku wa kwanza, na matawi ya mimea miwili uliyoibeba. Kopo liwe na karatasi nyeupe chini. Asubuhi tafuta vitu viwili: jani lililong'atwa pembeni kwa mkato laini wa nusu duara, na vinyesi vidogo vikavu mfano wa vipande vya kijiti. Ukiviona vyote, umeupata mti. Kama hakuna kinyesi kwa siku mbili, jaribu mimea mingine, na usipofaulu hadi siku ya nne mrudishe pale pale ulipomchukua. Kumng'ang'ania ni kumuua.

Mimea ya kujaribu kwanza, ukiachilia mbali uliomkuta nao, ni mpera, waridi, na ule mmea wa miiba unaotambaa kando ya mashamba na misitu, wenye matunda mekundu au meusi yanayofanana na forosadi. Kwa wanasayansi ni Rubus, na ndiyo chakula cha kawaida cha wafugaji wa wadudu-vijiti Ulaya kwa kuwa aina nyingi huukubali. Huku kwetu haunyauki hovyo kiangazi, na huko Mufindi na Tukuyu unauona mwaka mzima. Mpera ni mzuri kwa sababu nyingine: upo uani, na hakuna anayeupulizia dawa.

Na hapo kwenye dawa tukae kidogo. Mikoa hii inalima viazi, nyanya, kahawa na chai, na dawa za wadudu hupulizwa mara kwa mara msimu wa mvua. Upepo huipeleka hadi kwenye vichaka vya mipakani. Jani linaonekana zima, linang'aa, na bado linaua. Usikate majani karibu na shamba linalopulizwa, wala kando ya barabara kuu, wala kwenye maua ya bustani ya ofisi au hoteli. Mche ulionunuliwa kitaluni unaweza kuwa na dawa ndani ya utomvu wake, na hiyo haitoki kwa kuosha. Uache ukue miezi kadhaa nyumbani, ulishe majani mapya tu. Kila chanzo kipya cha majani kianze kwa mdudu mmoja kwa siku mbili kabla ya kuwapa wote. Aliyekula sumu hutetemeka miguu, huanguka chali na kushindwa kujigeuza, na mara nyingi hutoa majimaji mdomoni. Akifikia hapo haponi. Watoe wenzake, tupa majani, osha kizimba kwa maji mengi.

Kizimba

Kipimo cha kukumbuka ni kimo: angalau mara tatu ya urefu wa mdudu mkubwa utakayekuwa naye, na upana mara mbili. Kwa aina ya sentimita 10 hadi 12, fremu ya sentimita 40 kwa 40 na kimo cha 60 inatosha wakubwa wanane. Mbao nyembamba za msindano zinapatikana kwa seremala yeyote, kutoka Mafinga hadi Mwanjelwa, na mabaki yake karakana nyingi huyauza kwa bei ndogo. Chagua zisizotiwa dawa ya mchwa. Zilizotiwa dawa mara nyingi zina rangi ya kijani na harufu kali. Mlango uwe upande wa mbele, si juu, kwa kuwa juu ndiko watakakoning'inia na kila ukifungua utawabana.

Sasa wavu, na hapa ndipo vizimba vingi vizuri huharibikia. Usitumie chandarua cha kulalia. Vyandarua vinavyogawiwa kliniki na mashuleni vimetiwa dawa ya jamii ya pairethroidi, ambayo imetengenezwa kuua mdudu anayekigusa kwa miguu. Mdudu-kijiti atakaa juu yake usiku kucha. Hata kilichozeeka na kufuliwa mara nyingi usikiamini. Nunua wavu wa dirishani wa nailoni kwenye duka la vifaa vya ujenzi, uoshe kwa sabuni ya kipande, usuuze, uanike, ndipo uugongomee. Pazia jepesi la shela nalo linafaa. Dari ya kizimba lazima iwe ya wavu au kitambaa kikavu cha kushikika, kwa sababu kwenye plastiki au kioo kitupu wengi huteleza wanapojivua ngozi.

Chini weka karatasi nyeupe, si udongo. Udongo huleta kuvu na sisimizi, na huficha mayai. Kiweke kizimba kwenye meza ambayo kila mguu umesimama ndani ya kopo la maji yenye tone la mafuta ya kupikia, na meza isiguse ukuta. Sisimizi wakiingia usiku humaliza tunutu, yaani wadudu-vijiti wachanga, wote. Mjusi kafiri hupenya upenyo wa kidole kidogo, basi ziba pembe zote.

Matawi yasimame kwenye chupa ya maji, shingo ikiwa imezibwa vizuri kwa kitambaa kilichosokotwa kuzunguka shina. Tunutu hushuka na tawi kufuata unyevu, na chupa iliyo wazi huwazamisha. Badilisha matawi kila siku ya tatu, au mapema zaidi yakianza kujikunja. Kabla ya kutupa yale ya zamani, yakague tawi kwa tawi mwangani, mara mbili. Waliopotea wengi wametupwa pamoja na majani.

Maji, baridi na moshi

Hawanywi kwenye bakuli. Hunywa matone juu ya majani, kwa hiyo pulizia maji jioni, kidogo, kwa chupa mpya ya kupulizia ambayo haijawahi kuwa na dawa ya aina yoyote. Maji ya bomba yalale usiku mmoja kwenye ndoo wazi kwanza. Kuanzia Juni hadi Oktoba hewa ya Iringa na Mbeya mjini ni kavu, pulizia kila jioni. Tukuyu, ambako mvua hupita milimita 2,000 kwa mwaka, mara moja kwa siku mbili au tatu inatosha wakati wa mvua, na kizimba kikauke kabla ya jioni inayofuata. Unyevu usiopata upepo huleta kuvu kwenye mayai na madoa meusi kwenye miguu.

Joto la nyuzi 18 hadi 25 linawafaa wengi. Usiku wa Juni na Julai Mbeya na Njombe hushuka chini ya nyuzi 10. Aina za huku hustahimili baridi hiyo kwa muda, ila hula kidogo, hukua polepole, na kujivua ngozi kunakuwa na hatari zaidi. Kihamishie kizimba chumba cha ndani kisicho na dirisha la nje. Usiku wa baridi kali, chupa ya maji ya moto iliyofungwa kwenye taulo na kuegemezwa nje ya kizimba inaongeza nyuzi chache hadi alfajiri. Usikisogeze karibu na jiko la mkaa. Dawa ya mbu, ya kuchoma na ya kupulizia, haina nafasi katika chumba hicho hata mara moja. Jua la moja kwa moja dirishani nalo huua, hasa kwenye chombo cha kioo au plastiki.

Kujivua ngozi

Hii ndiyo saa ya hatari kuliko zote, na ndiyo inayofundisha zaidi. Tunutu hukua kwa hatua: ngozi ya nje haitanuki, hivyo lazima aivue akiwa na mpya chini yake. Atafanya hivyo mara tano hadi saba kwa aina nyingi, majike mara nyingi zaidi kuliko madume. Siku moja au mbili kabla, huacha kula, hutulia juu ya kizimba, na rangi yake hufifia. Kisha hushika wavu kwa miguu ya nyuma na kuning'inia kichwa chini. Ngozi hupasuka mgongoni nyuma ya kichwa, na mdudu huteremka nje yake polepole, akichomoa miguu yote sita na vipapasio kutoka kwenye ala nyembamba mno. Mwishoni huning'inia kwa ncha ya tumbo tu, akiwa laini na mwenye rangi iliyopauka, halafu hujikunja juu, hushika ngozi ya zamani, na mara nyingi huila yote.

Kwa nini kimo ni mara tatu sasa kinaeleweka: anahitaji nafasi tupu chini yake mara mbili ya urefu wake. Akigusa tawi au sakafu kabla hajakauka, hukauka akiwa amepinda na hatanyooka tena hadi ajivue mara nyingine. Usimguse wala usihamishe kizimba kwa saa 24.

Ngozi ikigoma miguuni, sababu kubwa ni ukavu wa hewa. Ongeza unyevu, dondoshea maji ya uvuguvugu kwa ncha ya pamba palipokwama, mwache. Usivute. Akiamua kuuachia mguu, tunutu ataota mwingine, mdogo na uliojikunja mwanzoni, utakaoonekana akijivua tena. Aliyekwisha komaa hajivui tena, kwa hiyo mguu wake haurudi, lakini huishi na mitano bila shida.

Mayai

Majike ya aina nyingi hudondosha mayai ovyo sakafuni. Yanafanana na mbegu ngumu: yana umbo moja, uso laini au wenye nakshi, na kifuniko kidogo upande mmoja ambacho tunutu hukisukuma kutoka. Kinyesi ukikibonyeza kwa kidole huwa unga; yai halipondeki kirahisi. Aina nyingine huyagandisha kwenye majani au huyafukia, basi ukiona jike mnene na sakafu haina kitu, kagua matawi, na umwekee kikopo cha mchanga wenye kina cha sentimita 5.

Kusanya kila wiki. Kaanga mchanga safi kwenye sufuria nusu saa ili kuua kuvu, upoe, ujaze kina cha sentimita 2 kwenye kopo pana. Ulowanishe kiasi kwamba ukiubana mkononi unashikana bila kutoa maji. Panga mayai juu, usiyafukie, funika kwa wavu mwembamba, andika tarehe na jina la mti wa chakula. Pulizia upande mmoja tu wa mchanga kila ukiona umepauka. Yai lenye kuvu lifute kwa brashi laini na uliweke pembeni, mara nyingine bado linaangua.

Subira inahitajika kwelikweli. Kwa aina nyingi ni miezi mitatu hadi kumi na miwili, na baridi hurefusha. Mayai yaliyotagwa Aprili yanaweza kukaa hadi mvua za Novemba, na wengi huyatupa Agosti wakidhani yamekufa. Yatunze angalau mwaka na nusu. Tunutu hutoka zaidi usiku na asubuhi. Wahamishie chombo kidogo chenye wavu wa matundu madogo, wasizidi 20 kwenye chombo cha lita 5, kwa kuwa wakibanana hung'atana miguu na vipapasio. Wape majani siku hiyo hiyo. Kama jani ni gumu, kata kingo zake kwa mkasi. Midomo yao midogo huanzia kwenye mkato mbichi.

Kuwatumia darasani

Zoezi la kwanza ni la ukuaji. Kila Ijumaa pimeni urefu wa mwili bila miguu wala vipapasio, kwa kuweka rula pembeni ya mdudu aliyetulia, na muandike pia kila siku ngozi ilipovuliwa. Grafu itapanda kwa ngazi badala ya mstari laini, na kila ngazi mara nyingi ni ongezeko la robo hadi theluthi. Ukiiweka pembeni ya maisha ya kipepeo, wanafunzi wanaona wazi tofauti ya mdudu anayepita hatua ya buu na bundo na asiyepita.

La pili ni la ulaji. Chora jani kwenye karatasi ya miraba ya sentimita moja, mpe mdudu mmoja usiku mmoja, lichore tena asubuhi, hesabuni miraba iliyopungua. Jani lingine la ukubwa ule ule likae kwenye maji bila mdudu, maana majani husinyaa yenyewe na bila kulinganisha mtamsingizia mdudu.

La tatu linahitaji jike lililokulia peke yake toka utotoni. Tunzeni mayai yake. Katika aina kama Carausius morosus wa India, anayefugwa sana maabara duniani, majike huzaa bila dume na watoto huwa majike karibu wote. Aina za huku si zote zinazoweza, kwa hiyo jibu litatoka kwenye kopo lenu wenyewe.

Mnawe mikono baada ya kuwashika, na msiwalete karibu na macho. Aina kadhaa hurusha majimaji ya kujilinda. Wale wa Marekani wa jenasi Anisomorpha huchoma macho vibaya. Panga pia mapema nani atabaki nao likizo za Juni na Desemba. Ya Juni ndiyo mbaya zaidi, kwa kuwa inaangukia kwenye baridi na ukavu kwa pamoja.

Wanapozidi

Jike mmoja anaweza kutaga mamia. Acha mayai 30 au 40 ya kizazi kijacho. Yaliyobaki yagandishe kwenye friza siku tatu au yamwagie maji yanayochemka kabla ya kuyatupa. Usiyamwage jalalani yakiwa mazima. Wadudu wenye afya wa aina ya huku wanaweza kurudishwa, lakini kwenye kichaka kile kile walikotoka, si mkoa mwingine. Aliyetoka Mufindi asiachiwe Mbozi.

Wageni ni habari tofauti. Huyo Carausius morosus ameshaota mizizi Cape Town na sehemu kadhaa za dunia kwa sababu watu waliwaachia bustanini au walitupa mayai. Kuingiza mdudu anayekula mimea nchini kunahitaji kibali cha Mamlaka ya Afya ya Mimea na Viuatilifu (TPHPA), na mtu akikupa mayai ya aina usiyoijua bila kibali, yakatae. Kama una jike wa kienyeji na mpera uani, huna haja nayo.